Cook Hakusema "Haiwezekani"

Kila nikiitwa kutazama mfumo wa ratiba uliokwama, waandishi wa programu wana jibu lilelile: "Hili ni NP-kamili, haliwezekani." Yaani ni kati ya matatizo magumu kuliko yote ya kundi liitwalo NP, ambamo jibu likishatolewa hukaguliwa haraka. Wakibanwa, wanamtaja Stephen Cook, mwanasayansi wa kompyuta. Haya, tuanze na Cook mwenyewe.

Mwaka 1971, akiwa Chuo Kikuu cha Toronto, alionyesha kwamba tatizo lolote la NP linaweza kugeuzwa, kwa muda wa polinomia (muda usiolipuka kadiri data inavyoongezeka), kuwa swali la SAT: je, vigeu vya fomula hii vinaweza kupewa kweli na uongo hadi fomula nzima iwe kweli? Hakusema popote kwamba SAT haitatuliki. Jaribu michanganyiko yote, jibu utalipata. Kinachoogopesha ni muda, tena muda wa hali mbaya kabisa. Data yako huenda haifanani na hiyo hata kidogo, na ndiyo maana watengenezaji wa chipu hukagua saketi zao kwa programu za SAT, wakati mwingine zenye vigeu zaidi ya milioni.

Chukua ratiba ya mitihani. Kila mtihani na kila kipindi, weka kigeu kimoja: kweli kama mtihani umepangwa hapo. Mwanafunzi ana mitihani miwili? Andika kwamba vigeu vyake vya kipindi kimoja visiwe kweli pamoja. Lazimisha kila mtihani upate kipindi, kisha iachie programu ifanye kazi. Watu wanakwepa hili, halafu wananiletea algoriti ya kubahatisha waliyoisuka miezi mizima! Ugeuzaji wanaoufanya kisingizio ndio uliowafungulia njia. Endesha SAT kwanza, lalamika baadaye.

Mengine ni mafupi. Eti Cook alithibitisha kuwa P, yaani matatizo yanayotatulika kwa muda wa polinomia, si sawa na NP? La. Swali liko wazi hadi leo, na dola milioni 1 zilizotangazwa na Taasisi ya Hisabati ya Clay mwaka 2000 hazijapata mwenyewe.

Eti kila tatizo la NP ni gumu? P yote imo ndani ya NP. Kutambua namba tasa, kwa mfano, kumejulikana kuwa ndani ya P tangu 2002.

Eti kazi yote ni ya Cook? Leonid Levin alifikia matokeo hayo peke yake huko Muungano wa Kisovyeti, yakachapishwa 1973. Na bila orodha ya Richard Karp ya 1972, yenye matatizo 21, wengi wasingeona uzito wa jambo.

Na kompyuta za kwanta, zinazotumia kanuni za fizikia ya chembe ndogo sana? Algoriti ya Grover, mbinu yao ya utafutaji, hushusha utafutaji wa hatua 2^100 (michanganyiko ya vigeu 100) hadi takriban 2^50. Kwa vigeu 200, umerudi palepale.