Ushirikiano wa kijasusi: nipe nikupe yenye masharti

Agosti 7, 1998, siku mabomu yalipolipuka kwenye balozi za Marekani Nairobi na Dar es Salaam, abiria mmoja alizuiwa uwanja wa ndege wa Karachi, Pakistan. Ofisa aliitazama picha ya pasipoti, akamtazama mtu aliyesimama mbele yake, akaona hawafanani. Abiria huyo, Mohammed Odeh, alikuwa ametokea Nairobi. Pakistan ilimhoji, ikamrudisha Kenya wiki moja baadaye, na kabla mwezi haujaisha alikuwa New York, mikononi mwa Wamarekani. Huko ndiko alikokuja kuhukumiwa kifungo cha maisha.

Pakistan ilikuwa na mtu mwenye pasipoti ya mashaka. Kenya ilikuwa na vifusi, mashahidi na vitabu vya wageni vya hoteli. Marekani ilikuwa na mafaili ya al-Qaeda, kundi la kigaidi lililohusika na milipuko hiyo. Kila mmoja alikuwa na kipande chake, na kipande peke yake hakikusema kitu.

Kupeana vipande hivyo ndiko kunakoitwa ushirikiano wa kijasusi. Ni mpango, wa maandishi au wa kuaminiana tu, ambapo vyombo vya usalama vya nchi mbili au zaidi hupeana taarifa za siri, vifaa vya kuzipatia, mafunzo kwa maofisa, au ruhusa ya kufanyia kazi kwenye ardhi ya mwenzao. Wakati mwingine kinachotolewa si taarifa kabisa: nchi ndogo yenye kisiwa mahali pazuri inaweza kutoa kilima cha kusimika mitambo, ikalipwa kwa ripoti. Mkono mtupu haulambwi.

Tusichanganye jambo hili na ushirikiano wa polisi, ule wa Interpol na hati za kukamata. Polisi anataka ushahidi utakaosimama mahakamani, mbele ya hakimu na wakili wa upande wa pili. Mtu wa ujasusi anataka kujua mapema, na angependa mahakama isisikie kamwe alijuaje.

Hata maneno yenyewe yana mitego. Kwa Kiswahili, jasusi huwa ni wa nchi nyingine. Wa kwetu ni mtu wa usalama, au shushushu kama tuko kijiweni. Na "taarifa za kiintelijensia" Watanzania wengi wamezizoea kutoka kwenye matangazo ya polisi ya kuzuia mikutano ya hadhara, hata mtu akadhani maana yake ni "sababu ambayo hatutaitaja". Kwenye fani, maana ni nyingine. Ukinasa simu inayosema "mzigo umefika", hiyo ni taarifa ghafi. Nani anaongea, mzigo gani, msemaji aliwahi kusema kweli mara ngapi: ukishapima hayo yote ndipo unapopata intelijensia. Nchi zinaposhirikiana, mara nyingi hugawiana chakula kilichoiva, lakini jikoni hazikaribishani.

Hapo kwenye jiko ndipo matatizo yanapoanzia. Mwaka 1999 Mwiraki mmoja aliomba hifadhi Ujerumani, akawaeleza majasusi wa huko kwamba Iraq ina maabara za silaha za kibaiolojia zilizopakiwa kwenye malori. Akapewa jina la siri, Curveball. Ripoti zake Wajerumani waliwapa Wamarekani, lakini yeye mwenyewe hawakuwaruhusu kukaa naye wamhoji. Februari 5, 2003, Colin Powell, Waziri wa Mambo ya Nje wa Marekani wakati huo, alisimama mbele ya Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa na michoro ya malori hayo. Vita vikapiganwa, malori hayakupatikana, na mwaka 2011 mtu huyo alikiri kwamba alidanganya. Wajerumani walikuwa na shaka naye hata kabla ya vita, ila shaka hupungua makali kila ripoti inapopita mkono mpya.

Kwa nini basi Wajerumani walimficha? Kwa sababu ya kulinda chanzo, na hii ndiyo roho ya jambo zima. Siri ya mtungi aijuaye kata. Ukimwonyesha mwenzako kata yako, kesho anaweza kuchota bila wewe, au kuivunja. Kutokana na hofu hiyo imezaliwa sheria ambayo karibu kila mkataba wa kijasusi duniani unayo: kanuni ya mtu wa tatu. Nikikupa taarifa, bado ni yangu. Huruhusiwi kumpa mwingine, kumkamatia mtu, wala kuipeleka mahakamani bila kuniuliza kwanza. Ndiyo maana ripoti hizi huja zimegongwa muhuri juu wenye masharti ya matumizi. Ni kama kumwazima jirani panga: umempa, lakini hujampa alikodishe kwa mtu wa mtaa wa pili.

Muhuri huo unaonekana kama urasimu hadi usikie ya Maher Arar. Huyu ni mhandisi wa Kanada aliyezaliwa Syria. Septemba 26, 2002, akirudi nyumbani Kanada kutoka Tunisia, alishuka uwanja wa JFK New York kubadilisha ndege tu. Wamarekani wakamkamata, wakamshikilia karibu wiki mbili, kisha wakamsafirisha hadi Jordan, naye akavushwa kwa gari kuingia Syria. Alikaa huko karibu mwaka mzima, sehemu kubwa ndani ya chumba alichokiita kaburi: upana futi tatu, urefu futi sita. Alipigwa kwa waya wa umeme. Hakuwa na kosa.

Kanada iliunda tume chini ya Jaji Dennis O'Connor, nayo ikafuatilia karatasi moja baada ya nyingine. Iligundua kwamba polisi wa shirikisho wa Kanada waliwaomba Wamarekani wamweke Arar na mkewe kwenye orodha ya kuangaliwa mipakani, wakiwaeleza kuwa ni watu wa msimamo mkali wanaoshukiwa kuhusiana na al-Qaeda. Maelezo hayo hayakuwa na msingi. Zaidi ya hapo, mafaili yote ya uchunguzi yalikabidhiwa kwa Wamarekani yakiwa kwenye diski, yakiwa hayajachujwa na bila masharti yoyote ya matumizi, kinyume cha kanuni za polisi hao wenyewe. Ilikuwa ni miezi baada ya Septemba 11 na kila mtu alikuwa na haraka. Januari 2007 Waziri Mkuu Stephen Harper aliomba radhi na Arar akalipwa fidia ya dola za Kanada milioni 10.5.

Mimi nikiulizwa maana ya kanuni ya mtu wa tatu, siendi kwenye kamusi. Nataja kesi hii. Inaonyesha pia kitu kingine ambacho vitabu hukipita haraka: kanuni hiyohiyo inayomlinda raia inaweza kuwalinda wakubwa. Mbunge au mkaguzi akiuliza, hujibiwa kwamba taarifa ni za nchi rafiki, haziwezi kutolewa bila ridhaa yake, na rafiki naye hana wajibu wa kumjibu mbunge wa watu.

Wanaosoma usalama wa kimataifa wana fumbo lao hapa. Nadharia ya uhalisia inasema kila nchi inajitegemea na haimwamini jirani, sasa iweje zigawane kitu cha siri kuliko vyote? Jibu la kawaida ni kwamba gharama ya kutokujua ni kubwa kuliko hatari ya kusalitiwa, na kwamba uhusiano wa nchi mbili mbili ni rahisi kuulinda kuliko wa nchi kumi. Mfano wa pande nyingi unaotajwa zaidi ni Macho Matano (Five Eyes), ushirikiano wa kijasusi wa nchi tano. Ulianza na mkataba wa Marekani na Uingereza wa Machi 5, 1946, Kanada ikaingia 1948, Australia na New Zealand 1956. Maandishi ya mkataba huo yalitolewa hadharani mwaka 2010 tu, na ndiyo maana fani hii husomwa kwa kuchelewa, kupitia tume, mahakama na nyaraka zilizozeeka.

Afrika nayo ina kamati yake ya vyombo vya ujasusi na usalama, CISSA, iliyoundwa Abuja mwaka 2004. Lakini mfano unaofundisha zaidi kwetu uko Goma, mji wa mashariki mwa Kongo. Nchi za Maziwa Makuu, zilizotia saini mkataba wao wa usalama na maendeleo Nairobi mwaka 2006, zilikubaliana kuwa na kituo kimoja cha kuunganisha taarifa za kijasusi kuhusu makundi yenye silaha mashariki mwa Kongo. Maofisa wa nchi wanachama wangekaa jengo moja, kila mmoja akileta alichonacho. Kituo kikafunguliwa katikati ya mwaka 2012.

Wakati huohuo waasi wa M23 walikuwa wameanza vita jirani tu na mji huo, na wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliandika kwamba Rwanda, na baadaye Uganda, zinawasaidia. Nchi zote mbili zilikana. Sasa jiweke kwenye kiti cha ofisa wa Kongo ndani ya jengo lile. Faili lako linasema M23 watapita njia fulani wiki ijayo, na meza ya pili amekaa mwenzako wa Rwanda, mmekunywa chai pamoja asubuhi. Unalifungua, au unalifunika?

Novemba 20, 2012, M23 waliingia Goma.