Ardhi Yako Ikitangazwa Hifadhi: Hasara Hupimwa kwa Kipande Kipi?

Mteja akiambiwa kiwanja chake kimo ndani ya ardhioevu na hakijengeki, swali lake la kwanza huwa: "Kwani wana haki ya kunizuia?" Mara nyingi wanayo. Ugomvi wenye maana uko kwenye fidia: kizuizi kimekula thamani kiasi gani hata kihesabiwe sawa na kutwaa ardhi yenyewe?

Hiyo ni hesabu ya sehemu. Juu unaandika thamani iliyopotea, chini thamani ya ardhi nzima. Na "nzima" ni ipi? Kesi nyingi hushinda au kushindwa kwenye namba hiyo ya chini.

Mahakama Kuu ya Marekani imeumiza kichwa kwa swali hili kwa miongo kadhaa. David Lucas alinunua viwanja viwili vya ufukweni South Carolina mwaka 1986 kwa dola 975,000. Miaka miwili baadaye ikatoka sheria ya kulinda fukwe, asijenge nyumba hata moja. Mahakama ya chini iliona viwanja havina thamani tena, na mwaka 1992 Mahakama Kuu ikasema mtu akinyang'anywa manufaa yote ya kiuchumi, kwa kawaida alipwe. (Jimbo likaishia kuvinunua viwanja hivyo, kisha likaviuza vijengwe. Hifadhi ina msimamo mpaka bili ifike.)

Palazzolo wa Rhode Island hakubahatika hivyo. Alikuwa na takriban ekari 20, nyingi zikiwa kinamasi, akadai zaidi ya dola milioni 3. Lakini sehemu ya juu, iliyo kavu, bado ilijengeka na ilikuwa na thamani ya dola 200,000. Uamuzi wa 2001: hajapoteza vyote. Kinamasi kingehesabiwa peke yake, jibu lingeweza kuwa jingine kabisa.

Ndipo ikaja kesi ya Murr, 2017. Familia ilikuwa na viwanja viwili jirani kando ya Mto St. Croix, kanuni ikakataza kukiuza kimoja peke yake. Walitaka kipimwe hicho kimoja. Majaji wakaviunganisha, na hasara ikashuka chini ya asilimia 10. Walitazama jinsi sheria ya jimbo inavyovichukulia viwanja, umbile la ardhi, na faida ambayo kiwanja kilichozuiwa kinakipa kiwanja jirani cha mmiliki yuleyule, mathalani mandhari na faragha. Mimi naona kigezo hicho cha tatu kinaipendelea serikali, maana uwazi wa kiwanja kitupu daima utakipa kiwanja jirani kitu.

Kwa hiyo kabla sijasoma tangazo la hifadhi, naomba ramani ya upimaji na hati za viwanja vyote vinavyopakana vyenye jina la mteja. Tarehe ya ununuzi naiuliza pia, ingawa Palazzolo alishinda walau hilo: kununua baada ya kanuni kutungwa, peke yake, hakumfungii mtu mlango wa kudai.