Je, wajua? Maneno ya Yesu yalikaa vinywani miaka mingi kabla ya kuandikwa

Wataalamu wengi huweka kifo cha Yesu karibu na mwaka 30, na Injili ya Marko, ambayo wengi wanaamini ndiyo ya kwanza, karibu na mwaka 70. Hapo katikati ni miaka 40 hivi. Mtu aliyezaliwa mwaka wa kusulubiwa angeweza kuwa na wajukuu kabla hajasikia Injili ikisomwa. Sasa hayo maneno yalikuwa wapi muda wote huo?

Yalikuwa yakisemwa. Katika dola ya Roma wasomaji walikuwa wachache. Kadirio linalotajwa sana ni kwamba hawakuzidi mtu mmoja katika kumi. Kitabu kilinakiliwa kwa mkono, na mvuvi wa Galilaya hakuwa na pesa ya kukinunua. Tena wafuasi wa kwanza walitarajia Bwana arudi wao wakiwa bado hai. Paulo anaonyesha matumaini hayo waziwazi akiwaandikia Wathesalonike, karibu na mwaka 50. Ukimtarajia mtu arudi wakati wowote, huoni haraka ya kuandika habari za maisha yake.

Nyaraka za Paulo ndizo maandishi ya Kikristo ya kale zaidi tuliyo nayo, na ndani yake sauti ya msemaji bado inasikika. Katika 1 Wakorintho 15 anasema aliwatolea watu “yale niliyoyapokea mimi mwenyewe”, kisha yanafuata: ya kuwa Kristo alikufa, na ya kuwa alizikwa, na ya kuwa alifufuka siku ya tatu, na ya kuwa alimtokea Kefa (yaani Petro). Yasome kwa sauti. Paulo akiandika kwa mtindo wake, sentensi hurefuka na kupinda; haya yamekatwakatwa vipande vifupi vya kukariri. Kupokea na kutoa, ndivyo walimu wa Kiyahudi walivyoeleza mafundisho yanayotoka kwa mwalimu kwenda kwa mwanafunzi. Sura ya 11, anapofika kwenye Chakula cha Bwana, Paulo anarudia lugha hiyohiyo.

Si kila kitu kilikaririwa namna hiyo. Jan Vansina, mwanahistoria Mbelgiji aliyekusanya masimulizi kwa Wakuba wa Kongo na baadaye Rwanda na Burundi, alitenganisha maneno yanayoshikwa yalivyo na habari ambazo kila msimuliaji huzitoa kwa kauli yake. Kwa mwami wa Rwanda, abiru, walinzi wa siri za kifalme, walihifadhi taratibu za ubwiru, yaani mila za siri za ufalme, neno kwa neno, ilhali ibitekerezo, hadithi za wafalme na mashujaa, zilisimuliwa kwa uhuru. Wataalamu wa Agano Jipya humnukuu Vansina mara kwa mara, na naona wana haki, maana katika Agano Jipya nako tunakuta yote mawili.

Chukua suala la talaka. Torati, katika Kumbukumbu la Torati 24, inazungumzia mume anayemwandikia mkewe hati ya talaka. Walimu walibishana: kwa sababu gani hasa? Kundi la Shamai lilisema ni kwa uasherati tu. Kundi la Hileli lilisema hata akiunguza chakula. (Ubishi huu wenyewe ulipokezanwa kwa mdomo hadi ukaingizwa katika Mishna, mkusanyiko wa mafundisho ya walimu wa Kiyahudi, karibu na mwaka 200.) Yesu naye aliulizwa, na jibu lake limetufikia kwa sura kadhaa.

Paulo, katikati ya miaka ya 50, anawaagiza Wakorintho kwamba mke asiachane na mumewe wala mume asimwache mkewe, “wala hapo si mimi, ila Bwana”. Mistari michache tu baadaye, akigusa ndoa za muumini na asiyeamini, anageuza: “nawaambia mimi, wala si Bwana”. Yaani alijua mpaka kati ya alichopokea na alichokiwaza mwenyewe, wala hakuuficha. Marko anamtaja pia mke anayemwacha mumewe, jambo lililoruhusiwa na sheria ya Kirumi lakini likawa geni kwa desturi ya kawaida ya Kiyahudi. Mathayo anaongeza “isipokuwa kwa habari ya uasherati”, na hapo unamsikia Shamai. Luka analibana neno zima katika mstari mmoja.

Kiini ni kilekile, pembeni kila kanisa limesema kulingana na waliokuwa wamekaa mbele yake. Wapo wanaoona hapa ushahidi wa kughushi. Mimi sioni hivyo. Neno hili lilikuwa zito kwa kila aliyelisikia, na nafasi ya kulilegeza ilikuwepo kwa miongo kadhaa. Mathayo alifungua mlango, lakini mdogo sana.

Kwenye masimulizi, uhuru ulikuwa mkubwa zaidi. Marko anaandika kama mtu anayesema: “na”, “na”, “mara”, na neno la Kigiriki la “mara” amelitumia kama mara 40. Mambo yanakuja kwa tatutatu. Yesu anatabiri kifo chake mara tatu, Gethsemane anawakuta wanafunzi wamelala mara tatu, Petro anakana mara tatu. Masikio hushika mpangilio wa aina hiyo. Papias, askofu wa Hierapolis katika Uturuki ya leo, aliandika mwanzoni mwa karne ya 2 kwamba Marko alikuwa mkalimani wa Petro, akaandika kwa usahihi aliyoyakumbuka, ila si kwa mfuatano, kwa kuwa Petro alifundisha kadiri ya haja ya wasikilizaji. Wanahistoria bado wanabishania kiungo hicho na Petro.

Mambo yaliyosukuma watu kushika kalamu si magumu kukisia. Mashahidi walikuwa wakifariki, Nero aliwatesa Wakristo wa Roma mwaka 64, Yerusalemu ikaanguka mwaka 70, na makanisa yalikuwa yametapakaa mbali na Galilaya.

Hata hivyo kalamu haikuzima mdomo. Papias huyohuyo, vitabu vikiwa tayari vipo, alisema havikumfaa kama sauti iliyo hai na inayodumu, akawa kila anapopita mtu aliyewafuata wazee wa kanisa, anamuuliza wazee hao walisema nini. Na lipo neno moja la Yesu ambalo halimo katika Injili yoyote kati ya nne. Tunalo kwa sababu Luka, katika Matendo 20, anamwonyesha Paulo akilikumbusha anapowaaga wazee wa Efeso: “Ni heri kutoa kuliko kupokea.” Wahubiri wetu wamelikariri vizuri, hasa kapu la sadaka linapoanza kuzunguka.