Friza Inavuja Maji: Anza kwa Kutazama Barafu Yenyewe

Ukikuta maji sakafuni mbele ya friza yenye mashine ya barafu, usikimbilie kununua kipuri. Vuta kwanza ndoo ya barafu, uangalie vipande vilivyomo. Vinaeleza mengi kuliko dimbwi la maji, kwa sababu maji hufuata mteremko na huweza kutokea mbali kabisa na mahali yalipoanzia kuvuja.

Njia ya maji ni fupi. Yanatoka kwenye koki, yanapita kwenye kichujio na kufika kwenye vali ya umeme, ambayo kwa kawaida iko nyuma ya friji karibu na sakafu. Vali inafunguka kwa sekunde chache tu, maji yanapanda kwenye mrija mwembamba na kuingia kwenye trei. Yakishaganda, mashine nyingi huwasha hita ndogo chini ya trei ili kulegeza vipande, kisha mkono unavisukuma hadi kwenye ndoo.

Sasa tazama vipande. Vikiwa vimeshikana kwa juu kama mche wa sabuni ambao haujakatwa, trei inajazwa kupita kiasi au imelala upande. Weka pimamaji juu ya trei, kisha juu ya friza yenyewe. Mara nyingi friza ilisogezwa wakati wa usafi na mguu mmoja ukabaki chini kuliko mingine. Hapo dawa ni kuzungusha mguu huo hadi usawa urudi. Baadhi ya mashine zina skrubu ndogo ya kupunguza kiasi cha maji. Izungushe kidogo sana, halafu subiri barafu ya mizunguko miwili mitatu kabla ya kuigusa tena.

Vipande vidogo, au vyenye uwazi katikati, vinaelekeza kwenye presha ndogo ya maji, na hapa naomba tutulie kidogo. Wengi hudhani presha ndogo huleta barafu haba, basi. Lakini vali hizi hutegemea msukumo wa maji hayohayo ili zijifunge barabara. Kwa kawaida zinahitaji presha ya angalau bar 1.4. Ikishuka chini ya hapo, vali inaweza kubaki na mwanya mdogo na kuendelea kudondosha tone baada ya tone, mchana na usiku. Matone hayo huganda kwenye mdomo wa mrija mpaka yakauziba. Maji ya mzunguko unaofuata yakikosa pa kupita, yanarudi nyuma na kumwagika nje ya trei. Mwenye friza anaona mrija ulioganda, anauyeyusha, anafurahi, na baada ya siku chache mambo ni yaleyale. Kwa hiyo kagua kichujio kama kimejaa uchafu, na hakikisha koki imefunguliwa hadi mwisho.

Kama presha ni nzuri na bado mrija unadondosha, kuna kipimo kisichohitaji kifaa chochote. Koki ikiwa wazi, chomoa plagi ya friza na utazame mdomo wa mrija kwa dakika kadhaa. Matone yakiendelea wakati hakuna umeme, vali yenyewe haifungi: ama imechakaa ama chembe ya uchafu imekwama ndani, nayo hubadilishwa. Yakikoma, uelekeo wa tatizo ni kwenye umeme unaoamuru vali kufunguka, na kazi hiyo mwachie fundi.

Kwa maji yanayotokea nyuma ya friza, vuta friza taratibu bila kunyonga mpira wa maji. Futa viungio vyote vikauke kabisa, kisha zungushia kila kimoja kipande cha karatasi ya chooni. Rudi baada ya saa moja. Karatasi iliyolowa itakuonyesha kiungio kinachovuja, hata kama ni uvujaji usioonekana kwa macho. Kaza nati kwa kiasi, maana ukiilazimisha plastiki hupasuka.

Wakati mwingine mashine ya barafu husingiziwa. Friza zinazojiyeyushia barafu zenyewe zina tundu la kupitisha maji hayo hadi kwenye sinia chini. Likiziba, maji huganda kama kioo kwenye sakafu ya friza, kisha hufurika. Ili kutofautisha, futa maji yote, ondoa barafu, funga koki ya mashine na usubiri siku moja au mbili. Maji yakitokea tena, zibua tundu hilo kwa maji ya uvuguvugu.

Kabla ya kuingiza mkono kwenye mashine au kufungua kiungio, chomoa plagi na ufunge koki. Na kwa vyovyote usichokonoe barafu kwa kisu. Kuta za friza huweza kuficha mirija ya gesi, na friza nyingi za sasa hutumia isobutani, gesi inayowaka. Tambaa lililochovywa kwenye maji ya moto na kukamuliwa linatosha, ingawa litakula muda.

Ukishabadilisha vali au kichujio, mwaga barafu ya mizunguko ya kwanza, kisha acha karatasi kavu chini ya viungio usiku kucha na uikague asubuhi.