Si kila kinachopulizwa ni filimbi

Kirumbizi kikichezwa arusini Lamu, vijana wakikabiliana kwa fimbo, ile sauti kali inayowatia moto wengi huiita filimbi. Ukiuliza kwa nini, utaambiwa chombo chembamba, kina matundu, kinapulizwa: kitakuwa nini tena? Ni zumari. Umbo lisikudanganye. Kinachotenganisha vyombo hivi ni mahali sauti inapoanzia.

Filimbi haina chochote cha kutetemeka mdomoni. Pumzi hugonga ukingo wa tundu na hewa iliyomo ndani ya bomba ndiyo inayotikisika. Nai, ule mwanzi wenye matundu sita mbele na moja nyuma, ni vivyo hivyo. Zumari ina vijani vikavu vilivyofungwa kwa uzi, na mpigaji huviingiza kinywani, midomo ikiegemea kisahani. Pumzi ikipita, vijani hupigana kwa kasi, na hapo ndipo ule ukali unapotoka. Ndugu zake ni mizmari ya Waarabu na shehnai ya Wahindi.

Mpiga zumari naye huzushiwa mengi. Kwamba ana mapafu makubwa kuliko yetu, ndiyo maana wimbo haukatiki. Mtazame mashavu: yamefura kwa sababu ameweka akiba ya hewa humo. Akiisukuma nje kwa mashavu, wakati huohuo anavuta pumzi mpya kwa pua. Wanaojifunza huanza kwa mrija ndani ya gilasi ya maji, wakipuliza mapovu yasikatike hata pumzi inapoingia. Wengi huishia kujimwagia maji tu siku za mwanzo.

Tena eti zumari huchezesha nyoka. Fira wa wale waganga wa barabarani hufuata mwendo wa chombo na mkono wa mwenyewe, si utamu wa muziki. (Bibi zetu waliotukataza kupiga mbinja usiku tusiite nyoka walikuwa na haja moja kubwa zaidi: wapate usingizi.)

Kwenye siwa, ile pembe kubwa ya watawala wa zamani, ndiko makosa yalikorundikana. Husemwa siwa ni ya pembe ya ndovu, hupulizwa kwenye ncha kama tarumbeta, na tulifundishwa na Wareno. Tuanze na umbile. Siwa ya pembe ya ndovu ni ya kisiwa cha Pate, na urefu wake unapita mita 2. Ya Lamu ni ya shaba. Watu huzichanganya kila siku ilhali zote mbili ziko hapa Lamu, kwenye Makumbusho. Ukizikaribia, tafuta tundu la kupulizia: liko ubavuni, si kwenye ncha. Midomo ya mpigaji ndiyo inayotetemeka, kwa hiyo siwa ni jamaa ya baragumu. Haina udugu na filimbi hata kidogo.

Na Wareno? Vasco da Gama alipotia nanga Malindi mwezi wa Aprili 1498, mmoja wa watu wake alieleza kwa maandishi alichokiona upande wa mfalme wa Malindi: wapiga tarumbeta wengi, na pembe mbili za ndovu zilizochongwa kwa ustadi, kila moja kimo cha mtu, zikipulizwa kwenye tundu la ubavuni na sauti zake zikipatana na tarumbeta. Mwalimu gani huyo anayefika na kumkuta mwanafunzi wake ameshahitimu, yeye ndiye anashangaa? Siwa ilikuwa alama ya utawala. Haikutolewa kwa kila sherehe, na aliyeipuliza hakuokotwa njiani.

Pembe yenyewe pia hutudanganya. Vugo ni pembe ya nyati, na kina mama wa Lamu huenda nayo arusini, lakini hakuna anayeipuliza. Hupigwa kwa kijiti.

Filimbi za okestra leo nyingi ni za chuma, nazo bado huhesabiwa katika kundi la ala za mbao. Ni Theobald Boehm, Mjerumani, aliyetengeneza umbo lake la sasa mwaka 1847. Saksafoni ni ya shaba, nayo imo kundi hilohilo. Mbao hapo imebaki jina tu.

Wapo pia wanaodhani filimbi ikipulizwa kwa nguvu zaidi inatoa sauti ileile, ila kubwa. Jaribu. Vidole visitoke kwenye matundu yao, ongeza pumzi: sauti itapaa ghafla oktava nzima. Kwa sababu hiyo matundu sita hutosha kwa nyimbo ndefu, na mwanafunzi anayepuliza kwa hasira hutoa kelele za juu asizozitaka.

Kipenga cha refa, ambacho hakuna anayekihesabu kuwa ala, ndicho chenye haki kamili ya kuitwa filimbi. Pumzi hugonga ukingo, basi. Ile gololi ndogo ya ndani haitoi sauti. Kazi yake ni kuikatakata ili iwe ya kutetemeka, na vipenga vingi vya sasa havina hata hiyo.