Je, wajua kwa nini aliyemuua mumewe halipwi bima yake?

Mume amekata bima ya maisha na kumwandika mkewe kuwa mnufaika. Mume anakufa, na mahakama inasema aliyemtilia sumu ni mke huyo huyo. Fedha za bima apewe nani?

Liulize swali hili barazani, utajibiwa kahawa haijapoa: mke asipewe hata senti. Jibu ni sahihi. Lakini mwaka 1889 ungemwendea wakili yeyote wa Uingereza ukamwomba akuonyeshe kifungu cha sheria kinachosema hivyo, asingekuonyesha, kwa sababu hakikuwapo. Kanuni hiyo waliitamka majaji katika kesi ya bima ya marehemu James Maybrick wa Liverpool, ambaye mkewe, Florence, alihukumiwa kunyongwa kwa kumuua. Nimeisoma kesi hii mara nyingi, na kila mara naondoka na mawazo mawili yasiyokaa pamoja vizuri: kanuni yenyewe ni ya haki tupu, ila hukumu iliyoizaa ina ufa.

Florence alizaliwa Mobile, Alabama, mwaka 1862. Alikutana na James melini mwaka 1880, wakivuka Atlantiki. Yeye alikuwa bado binti. James, dalali wa pamba, alimzidi umri kwa zaidi ya miaka 20. Walioana London mwaka uliofuata, wakapata mtoto wa kiume na wa kike, wakahamia nyumba kubwa iitwayo Battlecrease katika kitongoji cha Aigburth, Liverpool. Kwa nje ndoa ilipendeza. Kwa ndani James alikuwa na mwanamke mwingine wa siku nyingi, na baadaye Florence naye akawa na mwanamume mwingine, Alfred Brierley, dalali wa pamba vilevile.

Kuna jambo moja la James ambalo bila kulijua kesi yote haieleweki. Alikuwa mtu wa kujihisi mgonjwa kila siku, na alikuwa akinywa aseniki, ambayo ni sumu, kwa hiari yake. Enzi hizo madaktari waliiandika katika dawa za kuongeza nguvu, kwa matone machache tu, na wapo waliokuja kuizoea kama mtu anavyozoea tumbaku. Mfamasia mmoja alitoa ushahidi kwamba James alikuwa akipita dukani kwake hata mara kadhaa kwa siku kunywa mchanganyiko uliotiwa aseniki. Basi huyu alikuwa mtu ambaye, hata angekufa kwa kugongwa na gari la farasi, huenda mwilini mwake ingekutwa aseniki.

Aprili 1889 Florence alinunua karatasi za kuulia nzi. Karatasi hizo zilitiwa aseniki kiwandani. Unaloweka moja kwenye kisahani cha maji, nzi akija kunywa anakufa. Watumishi walizikuta zimelowekwa ndani ya beseni chumbani kwake, beseni limefunikwa taulo. Florence alisema alikuwa akitengeneza maji ya kupaka usoni, na ni kweli wanawake wa wakati ule walijipaka aseniki kung'arisha ngozi. Lakini siku chache baadaye mumewe akaanza kutapika.

Tarehe 8 Mei, James akiwa hoi kitandani, Florence alimpa yaya wa watoto barua aipeleke posta. Ilikuwa ya Brierley. Yaya alieleza baadaye kwamba mtoto aliidondosha matopeni, naye akaifungua ili abadilishe bahasha. Akasoma. Ndani Florence alikuwa amemwandikia Brierley kwamba mumewe ni mgonjwa wa kufa. Barua haikufika posta. Ilifika mikononi mwa shemeji. Tangu saa ile Florence hakuwa tena mke anayemuuguza mumewe. Akawa mtu wa kuchungwa ndani ya nyumba yake, na wauguzi waliambiwa wamwangalie.

Usiku uliofuata muuguzi alimwona akichukua chupa ya mchuzi wa nyama wa mgonjwa, akaingia nayo chumba cha pembeni, akairudisha. Chupa ilipimwa ikakutwa na aseniki. James hakunywa tena kutoka chupa ile, lakini tarehe 11 Mei alikufa.

Kesi ilianza tarehe 31 Julai katika jengo la St George's Hall, chini ya Jaji James Fitzjames Stephen. Tarehe 7 Agosti wazee wa baraza walitoka kushauriana, na saa moja haikwisha wakarudi: ana hatia. Adhabu ikawa kunyongwa.

Ufa niliousema uko hapa. Kiasi cha aseniki kilichopatikana katika maiti kilikuwa pungufu ya kinachotosha kuua. Wataalamu wa upande wa mashtaka walisema hata hivyo ni sumu. Wa upande wa utetezi wakasema ni ugonjwa wa tumbo na matumbo, na dalili hazikuwa za aseniki. Mshtakiwa mwenyewe hakuruhusiwa kutoa ushahidi chini ya kiapo, kwani sheria ya Uingereza haikumpa mshtakiwa haki hiyo kwa makosa yote mpaka mwaka 1898. Aliruhusiwa kusema maneno machache tu bila kiapo, na katika maneno hayo alikiri kwamba alitia unga kwenye ile chupa, kwa kuwa mumewe alimsihi amtilie. Jaji naye, katika majumuisho yaliyochukua siku mbili, alikazia mno uzinzi wa Florence. Afya ya akili ya jaji huyo ilikuwa imeanza kuyumba. Alijiuzulu ujaji mwaka 1891. Mimi naamini mwanamke yule alihukumiwa kwa sehemu kubwa kwa sababu ya Brierley.

Kelele zilipigwa pande zote mbili za Atlantiki. Tarehe 22 Agosti Waziri wa Mambo ya Ndani, Henry Matthews, akaibadilisha adhabu kuwa kifungo cha maisha. Sababu aliyoitoa inashangaza mpaka leo. Alisema ushahidi unaonyesha kwamba Florence alimpa mumewe aseniki kwa nia ya kumuua, lakini kuna shaka ya maana kama aseniki hiyo ndiyo iliyomuua. Kama kuna shaka hiyo, basi hakuna kosa la kuua lililothibitika; kuna la kujaribu kuua, ambalo hakusomewa. Na hapakuwa na pa kukata rufaa. Mahakama ya Rufani ya Jinai ya Uingereza iliundwa mwaka 1907.

Sasa turudi kwenye bima. James alikuwa amekata bima ya pauni 2,000 katika kampuni ya Mutual Reserve Fund Life Association, ilipwe kwa Florence akifa mumewe. Florence, akihitaji fedha za mawakili, alimhamishia wakili wake, bwana Cleaver, haki ya kuzidai. Kampuni ikagoma kulipa. Wasimamizi wa wosia wa James nao wakaingia wakisema: kama si za mke, ni za mirathi ya marehemu.

Hapa mtu huuliza: ina maana Waingereza, pamoja na mahakama zao za karne nyingi, walikuwa hawajawahi kukutana na muuaji anayedai mali ya aliyemuua? Walikutana nao wengi. Lakini kabla ya mwaka 1870, mtu akitiwa hatiani kwa kosa kubwa kama kuua, mali yake yote ilichukuliwa na Serikali. Hata angerithi, kingepita mkononi mwake kwenda hazina ya Malkia, kwa hiyo hakuna aliyejisumbua kuuliza kama anastahili. Mwaka 1870 Bunge lilifuta utaratibu huo, na kwa haki, maana ulikuwa ukiwaadhibu watoto wa mhalifu kwa kosa lisilo lao. Lakini mlango mmoja ulipofungwa, mwingine uliachwa wazi bila mtu kuona. Kesi ya Maybrick ndiyo iliyouonyesha.

Mahakama ya Rufani iliamua mwishoni mwa 1891. Majaji hawakuisikiliza upya kesi ya mauaji. Walichukua kwamba Florence aliua, kisha wakajibu swali la sheria. Jaji Fry akasema, kwa ufupi, kwamba hakuna mfumo wa sheria wenye akili unaoweza kumsaidia mtu kudai haki iliyotokana moja kwa moja na uhalifu wake mwenyewe. Florence hapati kitu, na wakili wake, ambaye haki yake ilitoka kwa Florence, hapati kitu. Lakini kampuni nayo haikuachwa izikalie fedha. James alilipa ada zake, na kifo chake hakikuwa kosa lake. Kwa hiyo kampuni ilipe, fedha ziingie katika mirathi ya marehemu. Naipenda sana sehemu hii ya hukumu, kwa sababu kampuni ya bima ilikuwa imekuja mahakamani ikivaa joho la maadili, kumbe ilitaka kubaki na pauni 2,000.

Ajabu ni kwamba swali hilo hilo lilikuwa limeamuliwa New York tarehe 8 Oktoba 1889, wiki chache tu baada ya hukumu ya Florence, na kule pia ilikuwa sumu. Kijana wa miaka 16, Elmer Palmer, alijua babu yake amemwandikia sehemu kubwa ya mali katika wosia. Babu akaoa tena, akaanza kusema ataubadilisha. Mwaka 1882 Elmer akampa sumu. Sheria ya wosia ya New York haikuwa na neno lolote linalomzuia muuaji kurithi, na jaji mmoja, Gray, alishikilia kwamba mahakama haina mamlaka ya kuongeza adhabu ambayo Bunge halikuiandika. Wenzake walio wengi wakamshinda: mtu hafaidiki kwa ubaya wake mwenyewe.

Msomaji wa Lamu, Unguja au Muscat huenda anasoma haya akitikisa kichwa, maana kwao jambo hili halikusubiri 1891. Katika fiqhi ya Kiislamu kuua ni miongoni mwa vizuizi vya mirathi, pamoja na tofauti ya dini na utumwa, na msingi wake ni hadithi ya Mtume kwamba muuaji hana urithi. Madhehebu yanatofautiana katika upana wake. Shafii, wanaofuatwa na Waislamu wengi wa pwani yetu, ndio wenye msimamo mkali zaidi: hata aliyeua kwa bahati mbaya harithi. Maliki wao humwachia aliyeua kwa kukosea arithi mali ya marehemu, ila si fungu la diya, yaani fidia ya damu ya aliyeuawa.

Kenya imeiandika kanuni hiyo waziwazi katika Sheria ya Urithi, kifungu cha 96. Mtu mwenye akili timamu akimuua mwenzake kwa makusudi, hapati sehemu yoyote ya mali ya marehemu, moja kwa moja wala kwa kuzunguka. Mali hugawanywa kana kwamba muuaji alikufa mara tu kabla ya aliyemuua. Fikiria mke aliyemtilia mumewe sumu: mbele ya mgawa mirathi ni kama alikwisha kuzikwa, na watoto wanapita mahali pake. Sheria inaongeza kwamba hukumu ya jinai ya kuua ni ushahidi wa kutosha. (Mirathi ya Waislamu nchini humo hufuata sheria ya Kiislamu.)

Waingereza wenyewe walikuja kuilegeza kanuni yao mwaka 1982, kwa sheria inayompa jaji uwezo wa kusamehe katika vifo visivyo vya mauaji ya kukusudia. Walikuwa wakikutana na wanawake waliopigwa miaka na miaka, wakaja kuua siku moja katika purukushani, kisha wakatolewa hata katika nyumba waliyoijenga na marehemu. Kwa aliyepatikana na hatia ya mauaji ya kukusudia, mlango huo haukufunguliwa.

Florence alitoka gerezani mwaka 1904, baada ya takriban miaka 15. Sir Charles Russell, wakili aliyemtetea, ambaye baadaye alikuwa Jaji Mkuu wa Uingereza, alikuwa ameendelea kupigania aachiwe mpaka alipofariki mwaka 1900. Florence alirudi Marekani, akahutubia watu kwa muda juu ya magereza, kisha akajificha Connecticut kwa jina lake la usichana, katika kibanda kidogo na paka wengi. Majirani walimjua kama bibi mpole, maskini. Alifariki mwaka 1941 akiwa na miaka 79.

Watoto wake walilelewa na watu wengine na hakuwaona tena tangu mwaka 1889. Mwanawe alikua akawa mhandisi wa migodi Kanada. Mwaka 1911, akiwa kazini, alinyanyua glasi akidhani ni maji. Ilikuwa sumu ya sianidi.