Paka anayekojoa kitandani halipizi kisasi
Kuna ujumbe unaozungushwa kwenye magrupu: paka akikojoa kitandani anamlipizia mwenye nyumba kisasi, achapwe. Si kweli. Mara nyingi ni maumivu ya kibofu, au sanduku lake la mchanga la kujisaidia ni chafu. Mtazame: anachuchumaa kila mara, anajikamua, vinatoka vitone tu, pengine vyenye damu, kisha anajilamba sana. Daktari wa mifugo atapima mkojo. Dume asiyetoa mkojo kabisa apelekwe saa hiyohiyo. Njia ikiziba anaweza kufa ndani ya siku chache.

Watu huchanganyikiwa kwa kuwa tatizo huweza kuanza mwenye nyumba akisafiri, na kweli wasiwasi huchochea uvimbe wa kibofu. Tafadhali usiusambaze ujumbe huo. Paka wagonjwa wanachapwa.